Kitonga haina upande wa pili

Swali: Shikamoo mzee. Mimi ni kijana wa Makambako. Mwezi uliopita nilipanda treni ya TAZARA kutoka Ifakara kurudi nyumbani, na baada ya Mlimba treni iliingia na kutoka kwenye mahandaki mpaka nikapoteza hesabu. Baba yangu ni dereva wa semi, anakwenda Lubumbashi na kurudi Dar na shaba, na siku akikaribia Kitonga, ule mlima wa kona wa barabara ya Iringa, mama haachi kumpigia simu. Nauliza hivi: kama Wachina waliweza kutoboa milima ile miaka ya sabini kwa ajili ya treni, kwa nini mpaka leo hakuna handaki la magari Kitonga? Nasikia Uswisi wanapita chini ya Alps kana kwamba mlima haupo. Sisi tumekosa nini, pesa au utaalamu?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Kamwene. Swali hili nimeulizwa mara nyingi, hasa ndani ya basi, pale abiria wanaponyamaza ghafla dereva akianza kukata kona za Kitonga. Anayeuliza huwa ameshajijibu: pesa. Pesa imo, sikatai. Lakini hata kesho tukipewa bure mashine, baruti na saruji yote tunayohitaji, mimi nitasimama pale chini ya Kitonga na kuuliza: tukiingia hapa, tunatokea wapi?

Chora mlima kwenye karatasi. Wengi huchora kitu kama paa la nyumba, huku bonde, katikati mgongo, kule bonde jingine. Mlima wa namna hiyo unatoboleka kwa faida. Unaingia chini upande huu, unatoka chini upande ule, na kupanda na kushuka kote umekwepa. Alps zina migongo ya hivyo.

Sasa chora Kitonga. Unatoka Ruaha Mbuyuni, joto, mibuyu, vitunguu vimeanikwa barabarani. Unapanda. Unafika juu, unaingia Ilula kwenye nyanya, upepo umeanza kubadilika. Halafu? Hushuki. Iringa iko juu, Mafinga iko juu, kwenu Makambako ni juu zaidi ya mita 1,600. Kitonga haina upande wa pili. Si paa, ni ngazi, tena ngazi moja ndefu inayotenganisha nchi ya chini na nyanda za juu. Handaki halifuti ngazi. Ukichimba kutoka chini ukitaka kutokea Ilula, lazima ule urefu wote uupandie humo ndani, gizani, na moshi wa malori mia yaliyo mbele yako.

Tupige hesabu ndogo. Tuseme tunataka kupanda mita 400 tu kwa wima. Sheria za Ulaya, zilizoandikwa mwaka 2004 baada ya ajali nitakazozitaja hapo chini, hazitaki handaki jipya la magari lipande zaidi ya mita 5 kwa kila mita 100, isipokuwa pale ambapo jiografia haitoi njia nyingine. Kwa mwinuko huo, mita 400 zinataka handaki la kilomita 8. Ukitaka mwinuko wa kiungwana wa mita 3 kwa 100, unazidi kilomita 13. Na sababu ya sheria hiyo si uzembe wa injini za Wazungu. Handaki lenye mwinuko mkali hufanya kazi kama bomba la jiko: moto ukiwaka chini, moshi hupanda mbio kuwafuata walio juu.

"Lakini treni je?" utauliza. "Mbona nayo inapanda ngazi ileile?" Naam, na hapa ndipo swali lako linapokuwa tamu. TAZARA inapanda ukingo huohuo wa nyanda za juu, ila kusini zaidi, kutoka bonde la Kilombero. Mlimba iko chini kwenye mpunga, Makambako iko kwenye baridi. Na mahandaki uliyopita hayakupitisha treni chini ya mlima hata kidogo. Hukuona kwamba unaingia, unatoka, unaona korongo upande mmoja, daraja, unaingia tena? Yale mahandaki yanakata pua za mlima. Reli inapanda ubavuni kidogo kidogo, na kila mlima unapochomoza pua mbele yake, inaitoboa.

Lori lingezunguka pua hiyo. Treni haiwezi, na kosa ni la chuma. Gurudumu la chuma juu ya reli ya chuma linaviringika kirahisi mno: tani moja ya behewa kwenye tambarare unaivuta kwa nguvu kama ya kunyanyua kilo 2 au 3. Ndiyo maana kichwa kimoja kinaburuta msururu wa mabehewa ambao barabarani ungetaka malori kumi na kitu. Ila ulaini huohuo ndio unaoiponza mlimani. Weka mwinuko wa mita 2 tu kwa kila mita 100, mwinuko ambao wewe ukitembea hata huuhisi, na kila tani inataka kilo 20 juu ya zile za mwanzo. Mzigo umekuwa mzito mara nane au kumi, na magurudumu yanaanza kuteleza. Vichwa vya treni hubeba mchanga mkavu kwa ajili hiyo, vinaumwaga mbele ya gurudumu lipate kushika. Kwa hiyo wajenzi wa reli za milimani hujibana kwenye hizo mita 2 hivi, na maana yake ni kwamba kila mita 100 za kupanda zinadai kilomita 5 za njia. Kona nazo zisiwe kali, behewa refu haligeuki kama bajaji. Mtu aliyebanwa hivyo, mlima ukimtolea pua, atachimba tu.

Wachina na wenzetu waliofanya nao kazi walichimba mahandaki 22 kwenye njia nzima ya kilomita 1,860, wakajenga na madaraja 320. Kazi ilianza mwaka 1970, reli ikakabidhiwa 1976. Kipande cha Mlimba hadi Makambako ndicho kilichowatoa jasho. Kwenye kilomita 16 tu, kati ya daraja la Mkela na handaki la Irangi namba 3, kuna karibu theluthi ya kazi yote nzito ya reli: mahandaki, madaraja, matuta. Irangi namba 3 lina urefu wa mita 800 hivi. Daraja la mto Mpanga limesimama kwenye nguzo tatu za mita 50. Na Wachina zaidi ya 60 walipoteza maisha katika ujenzi huo, pamoja na wenyeji, wengine kwa ajali, wengine kwa magonjwa. Tukisema "walitoboa tu" tunawapunja.

Niliwahi kuingia kwenye handaki la reli nikiwa kijana, msaidizi wa kushika taa. Fundi mzee niliyefuatana naye hakuja na chombo chochote cha maana, kwa macho yangu ya shule. Alikuja na nyundo ya mpini mrefu na mtaimbo wa chuma. Anagonga ukuta, anasikiliza, anasogea hatua moja, anagonga. Mwamba mzima unajibu mkali, kama kengele ya shule. Mwamba ulioachia kwa nyuma unajibu "bu", kama debe lililojaa unga. Akisikia "bu" anachora msalaba kwa chokaa, ananirudisha nyuma kwa mkono bila kunitazama, anaingiza mtaimbo kwenye ufa na kubinua. Jiwe la ukubwa wa mto wa kulalia likaanguka pale pale nilipokuwa nimesimama. Hakusema neno. Mpaka leo, pamoja na mitambo yote ya kupima, nyundo bado inatumika.

Kuchimba kwenyewe, kwa njia ya baruti, ni kazi ya kurudiarudia. Unatoboa matundu kadhaa kwenye uso wa mwamba, unayashindilia, unalipua ya katikati kwanza ili yafungue shimo, halafu ya pembeni kwa kuchelewesha sehemu ya sekunde, ili mwamba uangukie ndani ya shimo lile. Unasubiri moshi utoke, unabandua mawe yaliyolegea, unazoa kifusi, unapiga nondo kwenye dari kuushona mwamba, unapulizia zege. Umesogea mita 2 au 3. Kesho tena.

Adui, hata hivyo, huwa si jiwe. Ni maji. Mvua inayonyesha juu ya mlima leo itadondoka kwenye dari miezi mingi ijayo, na handaki ni mfereji mkubwa kuliko yote uliowahi kutobolewa kwenye mlima huo. Maji yote ya jirani yanapata njia. Mitaro ya pembeni ikizibwa na tope, kokoto chini ya reli zinalala kwenye uji, reli inaanza kucheza. Nimeona handaki zuri la wapimaji hodari likiharibika kwa sababu mtu aliyetakiwa kuzibua mtaro kwa jembe aliondolewa kwenye orodha ya mishahara.

Na kwa nini treni haihitaji feni humo ndani? Kwa sababu handaki fupi la reli linajipumulia. Treni ikiingia inajaza karibu shimo lote, inasukuma hewa mbele na kuvuta nyingine nyuma, kama pampu ya baiskeli. Moshi wa kichwa unabaki kidogo, ndiyo maana wenye uzoefu hufunga dirisha, halafu unafagiwa. Magari yanakwenda na kurudi kwa pamoja, mengine yamesimama, kila moja linasukuma hewa upande wake. Handaki refu la magari bila feni kubwa ni sumu. Feni zinataka umeme usiokatika hata dakika moja, taa zinataka umeme, pampu za maji zinataka umeme, na watu wa kuvilinda usiku na mchana, mwaka hadi mwaka. Barabara ya kawaida ukiisahau inatoa mashimo. Handaki ukilisahau linaua.

Uswisi sasa. Handaki wanalojivunia zaidi ni la Gotthard, lililofunguliwa mwaka 2016, kilomita 57. (Kumbuka namba hiyo: barabara ya Chimala kwenda Matamba ina kona 57. Wao kilomita, sisi kona.) Ni mabomba mawili, kila treni na upande wake, yameunganishwa kwa vijia vya kukimbilia kila baada ya mita 325 hivi. Juu yake kuna mwamba hadi mita 2,300, na humo ndani jiwe lenyewe lilikuwa na joto la nyuzi 46 kabla ya kupozwa. Wachimbaji wa pande mbili walipokutana mwaka 2010 walikuwa wamepishana kwa sentimita 8 tu. Lakini soma vizuri: ni handaki la treni. Reli yao ya zamani, ya mwaka 1882, ilikuwa inapanda hadi mita 1,151 kwa kujizungusha tumboni mwa milima, mpaka abiria anaona kanisa moja la kijiji cha Wassen mara tatu kutoka pande tatu. Ile mpya haifiki hata mita 550. Waswisi walitumia zaidi ya faranga bilioni 12 ili treni ya mizigo isipande mlima, na kwa hiyo malori yapungue barabarani.

La magari nao wanalo hapohapo Gotthard, kilomita karibu 17, la mwaka 1980, bomba moja la kwenda na kurudi. Mwaka 2001 malori mawili yaligongana humo ndani, moto ukawaka, watu 11 wakafa. Miaka miwili kabla, mwezi Machi 1999, kwenye handaki la Mont Blanc kati ya Ufaransa na Italia, lori moja lilishika moto. Halikuwa limebeba petroli. Lilibeba unga na siagi ya kupaka mkate. Moto uliwaka zaidi ya siku mbili, watu 39 wakafa, wengi wakiwa ndani ya magari yao wakisubiri foleni ifunguke. Handaki lilifungwa hadi mwaka 2002. Leo mizigo hatari hairuhusiwi kupita Mont Blanc.

Angalia sasa foleni ya mpakani Tunduma na uniambie ni malori mangapi ni matangi ya mafuta ya Zambia na Congo. Tukijenga handaki Kitonga leo na kulifuata kwa akili, matangi yatakatazwa kuingia. Yataendelea kupanda Kitonga kwa barabara ya zamani, na ndiyo yaleyale ambayo baba yako akiyaona nyuma yake kwenye kona anajisogeza.

Nisikuache ukidhani nyanda za juu kusini hazina mgongo hata mmoja wa kutoboa. Upo. Toka Uyole kwenda Tukuyu: unapanda Uporoto, unafika Isyonje zaidi ya mita 2,000, ukungu, viazi, halafu unashuka kwenye migomba ya Kiwira. Huo ni mgongo halali, una upande wa pili. Nilipokuwa kijana niliuchora kwenye daftari, nikatia handaki kwa rula. Aibu yangu ni kwamba sikuwa nimeuliza mlima umeumbwa na nini. Umeumbwa na volkano. Rungwe ililipuka vikali miaka 4,000 hivi iliyopita na kumwaga mawe mepesi ya povu, yale ambayo mtoto anayaelesha kwenye beseni. Ukikata tabaka hilo linamiminika kama mchele. Chini yake unakuta lava ngumu kama ile ya Daraja la Mungu pale Kiwira, halafu tena majivu, halafu maji, mengine ya moto. Na kuna hewa. Wilayani Rungwe kaboni dayoksaidi inatoka ardhini yenyewe, kiasi kwamba kuna kiwanda kinachoivuna, na wenyeji wanajua mashimo ambayo mbuzi akishuka hapandi. Hewa hiyo ni nzito, haina harufu, inatulia mabondeni na mashimoni. Handaki ni shimo.

Ukingo wa Mlimba una mwamba wa kale, mgumu, uliopikwa na kukandamizwa kabla hata ya bonde la ufa kufikiriwa. Ndiyo bahati ya reli ile: penye lazima ya kuchimba palikuwa na jiwe la kuchimbika. Treni ya umeme ya Dar kwenda Dodoma nayo imepewa mahandaki manne upande wa Kilosa.

Kwa hiyo ukiniuliza mimi, handaki la baba yako lilishachimbwa, ila yeye hapiti humo. Ni lile la Irangi. Shaba ndiyo mzigo ambao TAZARA ilijengewa, na miaka ya mwanzo reli iliwahi kubeba zaidi ya tani milioni moja kwa mwaka. Mwaka 2025 ulisainiwa mkataba na kampuni ya Kichina ya CCECC wa kuifufua. Najua dereva hapendi kusikia hivyo, ni mkate wake. Lakini umeniuliza swali la uhandisi.

Kabla shaba haijarudi kwenye reli, kinachoisaidia Kitonga ni vitu vya bei ndogo kuliko handaki: njia ya pili ya malori yanayopanda, na mchepuko wa kokoto nene upande wa kushukia, ambapo lori lililokosa breki linajizamisha na kusimama. Maana ugonjwa wenyewe ni joto. Semi yenye jumla ya tani 50 ikishuka mita 400 kwa wima inaachia joto la kuchemsha karibu lita 600 za maji, mapipa matatu. Joto hilo lazima liende mahali. Dereva akishuka kwa gia nzito, injini inalibeba sehemu kubwa. Akishuka kwa gia nyepesi na mguu kwenye breki, lote linaingia kwenye ngoma za magurudumu, zinatanuka, bitana zinang'aa kama kioo, na kanyagio linakwenda chini bila kujibiwa. Harufu ya bitana kuungua, ile inayofanana na nywele na mpira kwa pamoja, ikisikika ndani ya kabini, gia ya kushusha haiingii tena.

Baba yako najua hayo anayajua kuliko mimi. Asimame Ilula kabla ya kushuka, azunguke semi, aweke mkono karibu na kila ngoma, karibu tu, asiguse. Moja ikiwa na joto na nyingine baridi, ile baridi haifanyi kazi. Kisha aingize gia akiwa bado juu. Na mama asimpigie simu pale katikati. Asubiri. Baba akifika chini Ruaha Mbuyuni atashuka kununua vitunguu, na atapiga mwenyewe.